Mtu aliyetembea na kamera

Mwaka wangu wa kwanza katika kazi ya video niliitwa kurekodi msiba Lushoto. Marehemu alikuwa mwalimu mstaafu, mzee aliyependwa, na familia ilitaka kumbukumbu kwa ajili ya ndugu walio mbali ambao wasingewahi mazishi. Nilifika alfajiri. Nikasimika stendi chini ya mparachichi, mahali pa kuonea mlango wa nyumba, turubai na njia ya kwenda makaburini. Nikapima mwanga. Nikahakikisha fremu haijainama. Siku nzima kamera haikutikisika hata mara moja, na mimi nikaona nimefanya kazi ya maana.

Wiki iliyofuata nilimpelekea binti mkubwa wa marehemu. Aliitazama mwanzo hadi mwisho, mikono ameilaza mapajani. Ilipokwisha alinishukuru, akanimalizia fedha zangu, kisha akasema taratibu: "Dada, kila kitu kipo. Ila sisi hatumo."

Sikuwa na la kumjibu. Nilirudi Tanga na maneno yale, nikaendelea kukaa nayo. Nilijaribu kubadilisha lenzi, nikajaribu kusogea karibu zaidi, nikakopa taa. Hayakuondoka. Kisha usiku mmoja, nikitafuta kitu kingine kabisa mtandaoni, nikaangukia filamu ya Kirusi ya mwaka 1957, nyeusi na nyeupe, yenye manukuu ya Kiingereza. Studio ya Mosfilm imeweka filamu zake nyingi za zamani kwenye chaneli yake ya YouTube, mtu yeyote anaweza kuzitazama bure. Hii inaitwa *Letyat zhuravli*, yaani "Korongo Wanaruka". Nilipofika mahali kijana mmoja anapigwa risasi msituni na miti inaanza kuzunguka juu yake, nilisimamisha, nikarudisha nyuma, nikatazama tena. Kisha nikarudi mwanzo wa filamu kusoma majina ya waliofanya kazi ile.

Mpiga picha wake alikuwa Sergei Urusevsky. Tangu usiku ule nimemfuatilia kama mtu anavyomfuatilia ndugu aliyepotea.

Alizaliwa Desemba 1908, St. Petersburg, katika Urusi ya mfalme. Alipokuwa kijana mfalme ameshaondoka, na alikwenda Moscow kusoma. Hakwenda kusoma sinema, alikwenda kusoma kuchora. Chuo chake kilijulikana kwa jina la VKhUTEMAS, kilichoanzishwa 1920, ambapo wasanii waliamini kwamba dunia mpya inahitaji namna mpya ya kuitazama. Aleksandr Rodchenko, yule aliyepiga picha za majengo kutoka chini kabisa na za watu kutoka juu ya paa, alikuwa miongoni mwa waliofundisha pale. Lakini mwalimu aliyemlea Urusevsky hasa alikuwa Vladimir Favorsky, bingwa wa kuchonga picha kwenye ubao ili zichapwe kwenye karatasi.

Hapa naomba nikae kidogo, maana nadhani wengi wanaoandika juu ya Urusevsky wanapapita haraka. Anayechora kwa kalamu huanza na weupe wa karatasi na kuongeza weusi. Anayechonga ubao hufanya kinyume chake. Ubao mzima, ukipakwa wino na kugandamizwa kwenye karatasi, unatoa giza tupu. Kila unapokata kwa patasi, unaingiza mwanga. Usipokata, giza linabaki. Kwa hiyo mchongaji hajiulizi kivuli akiweke wapi, anajiuliza mwanga aupenyeze wapi, na akikosea hawezi kufuta. Ukizitazama filamu za Urusevsky ukiwa na jambo hilo kichwani utaliona kila mahali: uso unaotoka gizani kwa mstari mmoja wa mwanga, matawi meusi yaliyokata anga, umbo la mtu lililosimama mbele ya moto likiwa jeusi tii. Hakuwa mtu wa kumulika kila kona. Mimi nilifundishwa kwamba taa ni za kuondoa giza, na ilinichukua muda kuelewa kwamba kuna mtu aliyelichukulia giza kuwa ndiyo mali yake ya kuanzia.

Alimaliza chuo katikati ya miaka ya 1930, akaingia studio. Kabla hajajijenga sawasawa, vita vikafika nchini mwake Juni 1941, naye akaenda mstari wa mbele kama mpiga picha wa vita.

Wapiga picha wa vita walitumia kamera ndogo za mkononi. Hakuna reli ya kutelezeshea kamera kwenye handaki, hakuna wa kukushikia taa, na hakuna wa kumwambia askari arudie kukimbia kwa sababu fremu haikukaa vizuri. Askari akilala, kamera inalala, na akiinuka kukimbia inainuka naye, la sivyo hupati kitu. Picha inatikisika kwa sababu mwenye kuishika naye anahema. Walipomaliza vita, kameramani wengi walirudi studio, wakarudisha kamera kwenye stendi, na ule mtikisiko wakauhesabu kama kasoro ya mazingira magumu. Urusevsky aliukumbuka kama kitu alichojifunza.

Ila ilibidi asubiri miaka zaidi ya kumi kabla ya kuutumia. Miaka ya mwisho ya Stalin, mtawala wa Umoja wa Kisovieti, filamu zilizotengenezwa zilikuwa chache mno, na zile chache zilitakiwa ziwe safi, tulivu, zenye mashamba yaliyostawi na nyuso zenye matumaini. Urusevsky aliifanya kazi hiyo, tena kwa ustadi. Mwaka 1947 alipiga *Selskaya uchitelnitsa*, "Mwalimu wa Kijijini", ya Mark Donskoy, ambamo Vera Maretskaya anaigiza msichana anayekwenda kufundisha Siberia kabla ya mapinduzi na kuzeekea huko huko. Ilimpatia Tuzo ya Stalin mwaka uliofuata, na mwaka 1952 akapata ya pili kwa *Kavaler Zolotoy Zvezdy* ya Yuli Raizman. Hii ya pili sikuipenda. Ni nzuri kwa macho kama kalenda ya ukutani, na kama kalenda, hakuna mtu ndani yake anayekuhusu. Filamu ya mwalimu ni jambo jingine. Binti yule mkubwa kule Lushoto angeipenda.

Na kuhusu huyo Donskoy, kuna jambo linalofaa kutajwa na sisi Waafrika. Ousmane Sembène wa Senegali alipokwenda Moscow mwanzoni mwa miaka ya 1960 kujifunza sinema katika studio ya Gorky, mwalimu wake alikuwa Donskoy huyu huyu. Alirudi nyumbani akatengeneza *Borom Sarret* mwaka 1963, habari ya mwendesha mkokoteni wa Dakar. Kwa hiyo mtu aliyemwongoza Urusevsky katika filamu ya mwalimu ndiye pia aliyemfundisha mzee wetu wa sinema. Sikulijua hilo hadi nilipoanza kuyatafuta haya, na lilinifurahisha kuliko ninavyoweza kueleza.

Stalin alifariki Machi 1953. Mwaka huo huo Vsevolod Pudovkin, mmoja wa wazazi wa sinema ya Kisovieti, alimaliza filamu yake ya mwisho, *Vozvrashchenie Vasiliya Bortnikova*, na aliyeipiga alikuwa Urusevsky. Pudovkin naye akafariki mwaka ule. Kuna namna ya kupokezana kijiti hapo, ingawa sidhani wenyewe waliiona hivyo.

Barafu ya utawala ule ilianza kuyeyuka. Mwaka 1956, akiwa na miaka 47, Urusevsky alipiga *Sorok pervyi*, "Wa Arobaini na Moja", filamu ya kwanza ya mwongozaji kijana Grigori Chukhrai. Ni habari ya Maryutka, msichana mlenga shabaha wa jeshi jekundu, la wanamapinduzi, ambaye ameua watu 40 wa jeshi jeupe lililowapinga, akamkosa wa 41, afisa, akaamriwa kumlinda kama mateka. Wanavuka jangwa, wanakwama wawili kisiwani, wanapendana, na jahazi la weupe linapotokea upeoni msichana anafyatua. Filamu ni ya rangi. Jangwa la Urusevsky lina mchanga wa dhahabu asubuhi, wa zambarau jioni, na wakati mwingine mweupe kiasi cha kukuumiza macho. Mchoraji ameamka. Ilipelekwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1957, ikapewa tuzo maalumu.

Karibu wakati huo huo akakutana na Kalatozov.

Mikhail Kalatozov alikuwa Mjojia, mzaliwa wa Tbilisi mwaka 1903, na kabla ya kuwa mwongozaji alikuwa kameramani. Kila mmoja wetu aliyewahi kufanya kazi chini ya dairekta anajua hilo lina maana gani. Kuna dairekta unayemwambia "nataka nimfuate yule mama hadi mlangoni" akakujibu "simama hapo hapo ulipo". Mimi nimeshafanya kazi na wa namna hiyo, na nilimtii, na ile picha ya mlangoni hadi leo naiona kichwani tu. Kalatozov alikuwa na wivu wa aina nyingine. Alikuwa akitaka zaidi. Walifanya pamoja filamu nne, na ya kwanza, *Pervyi eshelon*, inayohusu vijana waliokwenda kulima mapori ya Kazakhstan, naiacha. Ya pili ndiyo ile niliyoangukia usiku.

"Korongo Wanaruka" imetokana na tamthilia ya Viktor Rozov. Veronika na Boris wanapendana, Moscow, Juni 1941. Vita vinaanza, Boris anajitolea, Veronika anachelewa kuagana naye. Boris anakufa na hakuna anayejua. Veronika anaolewa na binamu wa Boris katika mazingira ambayo si ya kumlaumu, na anaendelea kusubiri. Hicho ndicho kisa chote. Ukikisoma kwenye karatasi ni kisa cha maelfu ya wanawake wa nchi ile, na pengine ndiyo maana watu walilia kwenye kumbi.

Sasa tazama ngazi. Mapema katika filamu Boris anamkimbiza Veronika kwenye ngazi za nyumba ya kina Veronika, ghorofa baada ya ghorofa, anataka tu kujua watakutana lini. Ngazi zinazunguka, na kamera inazunguka na kupanda pamoja naye. Urusevsky alijenga katikati ya ngazi zile kifaa cha kuinuka na kuzunguka kwa wakati mmoja, ili asimwache kijana hata hatua moja. Kwa mara ya kwanza unaona ni furaha tu, ujana una miguu myepesi. Baadaye bomu linaipiga nyumba. Veronika anapanda ngazi zile zile katikati ya moshi na moto, anafika juu, anafungua mlango wa kwao, na nyuma ya mlango hakuna nyumba. Kuna anga. Saa bado inagonga. Wazazi wake walikuwa humo.

Halafu msituni, kwenye matope na miti mirefu myeupe, Boris amembeba mwenzake aliyejeruhiwa na risasi inamkuta yeye. Anatazama juu. Vilele vya miti vinaanza kuzunguka, na juu ya mzunguko huo zinarudi ngazi, Boris anapanda tena mbio, na juu ya ngazi iko harusi yake na Veronika, harusi ambayo haitakuwepo. Mwendo wa kamera msituni ni ule ule wa kwenye ngazi. Urusevsky ametuzungusha mara ya kwanza kwa furaha, na mwili wetu ukakumbuka. Kwa hiyo anapotuzungusha mara ya tatu hatuhitaji kuambiwa kijana anafikiria nini. Tunajua kwa kizunguzungu.

Hapo ndipo nilipoyaelewa yale maneno ya Lushoto. Nilikuwa nimeweka kamera mahali pa kuona. Urusevsky aliiweka mahali pa mtu.

Mwaka 1958 filamu ile ilishinda Palme d'Or, tuzo kubwa kuliko zote pale Cannes, na Urusevsky mwenyewe akatunukiwa na tume ya ufundi ya tamasha. Tatyana Samoilova, aliyeigiza Veronika, alijulikana Ulaya nzima kwa macho yake. Nami nasema macho yale yalikuwa yake, lakini kuna mtu aliyekuwa akijua mwanga uyaguse wapi.

Ya tatu, *Neotpravlennoe pismo*, "Barua Isiyotumwa", ni filamu ngumu. Watu wanne wa msafara wa kijiolojia wanatafuta almasi katika misitu ya Siberia, wanazipata, na wakati wa kurudi msitu unashika moto. Kuna dakika nyingi ambazo hakuna kingine ila watu wadogo wakipita kwenye miti inayowaka, na kamera inapita nao, matawi yanaipiga, moshi unaifunika. Wahakiki wa Moscow walilalamika kwamba kamera imewameza waigizaji. Nimeitazama mara tatu na nakubaliana nao nusu. Msitu ule unanibaki akilini kuliko sura yoyote, na Samoilova yule yule hapa simsikii moyoni kama nilivyomsikia kwenye filamu iliyotangulia. Sidhani ni kwa sababu kamera imezidi. Nadhani watu wenyewe hawakuandikwa vya kutosha kuweza kuibeba.

Kuba ni habari ndefu. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Kalatozov na Urusevsky walikwenda huko kutengeneza filamu ya mapinduzi kwa ushirikiano wa Mosfilm na taasisi ya sinema ya Kuba, ICAIC. Muswada uliandikwa na mshairi Yevgeny Yevtushenko pamoja na Mkuba Enrique Pineda Barnet. Ilikuwa enzi za mgogoro wa mwaka 1962 juu ya makombora ya Kisovieti kisiwani humo, dunia nzima ikihesabu siku. Bella Fridman, mke wa Urusevsky, alikuwa sehemu ya kundi, na aliyeishika kamera kwa mikono yake mara nyingi alikuwa kijana Alexander Calzatti. Waliyafanya mambo ambayo hadi leo watu wa kazi yetu tunaulizana.

Mashamba ya miwa na minazi yalipigwa kwa filamu inayohisi miali isiyoonekana kwa jicho, infraredi. Majani mabichi huirudisha miali hiyo kwa wingi, kwa hiyo katika picha yanatoka meupe kama fedha, na anga linatoka jeusi. Kisiwa kinang'aa. Mzee Pedro anapoambiwa kwamba shamba alilolilima limeuzwa kwa kampuni ya Marekani ya United Fruit, na akaamua kulichoma, miwa ile inaungua ikiwa na weupe wa kitu ambacho hakikuwahi kuwa cha duniani. Sehemu kubwa ya filamu imepigwa kwa lenzi pana sana, ya milimita 9.8, inayofanya mtu aliye karibu awe mkubwa kama mnara na anga liwe pana kupita kiasi.

Halafu kuna shoti zinazojulikana hata na ambao hawajaiona filamu. Moja inaanza juu ya paa la hoteli, bendi inapiga, wasichana wanashindana urembo. Kamera inapita katikati yao, inashuka nje ya jengo hadi ngazi ya chini ambako watalii wanaota jua kando ya bwawa, inamfuata mwanamke mmoja hadi majini, inazama naye. Bila kukata. Iliwezekana kwa sababu watu walipokezana kamera kutoka mkono hadi mkono, kama ndoo za maji nyumba inapoungua.

Nyingine ni mazishi, na hii naomba niieleze kwa utaratibu maana ndiyo iliyonirudisha Lushoto. Mwanafunzi ameuawa na polisi. Jeneza lake limefunikwa bendera, limebebwa mabegani, barabara imejaa watu. Kamera inaanza chini, karibu kabisa na jeneza. Kisha inaanza kupanda ukuta wa jengo, ghorofa ya kwanza, ya pili, inapita watu waliojaa kwenye roshani, inafika juu, inavuka kwenda upande wa pili, inaingia kwenye chumba ambamo wafanyakazi wanasokota sigara. Wanainuka mezani, wanapokezana bendera, wanaikunjua dirishani. Kamera inawapita, inatoka kupitia dirisha lile lile, na badala ya kusimama inaendelea kwenda hewani, juu ya barabara, katikati ya majengo, na chini mto wa watu unatiririka. Walifunga kebo juu ya barabara. Kameramani alivalishwa fulana yenye kulabu ili wenzake waweze kumfunga na kumfungua kwenye kebo.

Leo kijana mwenye droni ya kukodi anaweza kupata picha ya kutoka juu ya barabara yoyote. Nimekodi droni mwenyewe kwenye harusi za Pangani, inapendeza. Lakini ile ya Havana unasikia mikono. Kuna kasimamo kadogo pale kamera inapobadilisha mshikaji, kuna pumzi. Kitu kinachoelea juu ya maiti ya yule kijana kina uzito wa watu waliokibeba.

Kwa muda mrefu shoti ile ilinipa shida. Kama kamera ya Urusevsky hukaa mahali pa mtu, huyu anayepanda ukutani ni nani? Marehemu? Siku moja nikasikiliza tena sauti ya mwanamke inayosimulia filamu. Inasema "mimi ni Kuba". Jina lenyewe la filamu ni hilo, *Ya Kuba*. Anayetazama ni kisiwa. Nchi ndiyo inayomsindikiza mtoto wake, na nchi haibanwi na kuta. Nilipolielewa hilo nililia, na sisemi kwa kutia chumvi.

Lakini Wakuba wenyewe hawakuipokea. Ilipoonyeshwa 1964 waliona wageni wamewachora polepole mno na kwa mashairi mengi mno, wengine wakaigeuza jina wakaiita "Mimi si Kuba". Moscow nako waliona ule ufisadi wa kabla ya mapinduzi umependezeshwa kuliko ulivyostahili. Filamu ikawekwa stoo. Nawaelewa Wakuba kuliko ninavyowaelewa wa Moscow. Mtu akija kwenu na vifaa vya ajabu, akakutazama kwa mapenzi makubwa, bado ana haki ya kuambiwa hukutuona. Mimi niliambiwa hivyo na sikuwa mgeni hata kidogo.

Baada ya hapo Kalatozov na Urusevsky hawakufanya tena filamu pamoja. Kalatozov alitengeneza moja ya mwisho na kameramani mwingine, akafariki 1973. Urusevsky alianza kuongoza mwenyewe. Mwishoni mwa miaka ya 1960 alitengeneza *Beg inokhodtsa* kutokana na hadithi ya mwandishi wa Kirgizi, Chinghiz Aitmatov, habari ya mzee na farasi wake Gulsary waliozeeka pamoja. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 akatengeneza nyingine juu ya mshairi Sergei Yesenin. Hazikupata watu. Nimeiona ya farasi katika nakala iliyochakaa, na kuna dakika ambazo kamera inakimbia na mnyama yule kwenye nyasi kwa furaha ambayo hakuna mwingine angeweza kuipata. Lakini pembeni yake nilimhitaji Kalatozov, wa kumwambia wapi atulie. Alifariki Moscow Novemba 1974, akiwa na miaka 65.

Hakujua kwamba ile filamu ya stoo ingetoka. Mwaka 1992 ilionyeshwa katika tamasha la Telluride, Marekani, mwaka uliofuata San Francisco, na mwaka 1995 ikasambazwa ikiwa na majina ya waongozaji wakubwa wa Marekani, Martin Scorsese na Francis Ford Coppola, kama wadhamini wake. Wakati huo Umoja wa Kisovieti wenyewe ulikuwa haupo tena. Tangu hapo kila anayesoma upigaji picha wa sinema lazima apite kwenye lile bwawa na lile dirisha la wasokota sigara.

Mimi hata hivyo, nikiulizwa shoti yake moja ya kubaki nayo, sichukui za Havana. Nachukua moja ya Moscow, katika filamu ya korongo. Veronika yuko ndani ya basi, amechelewa kwenda kumuaga Boris. Kamera iko naye kitini, inamtazama akichungulia dirishani. Basi linakwama, anateremka, na kamera inateremka naye, inapenya nyuma yake kwenye umati, inabanwa na mabega ya watu. Kisha anatokea upande wa pili, barabara imejaa vifaru vinavyopita, naye anakimbia katikati yao. Hapo kamera inainuka, juu, juu zaidi, hadi anakuwa kitu kidogo kati ya mashine na moshi. Yote ni shoti moja. Kameramani alikuwa ameshika kamera mkononi ndani ya basi, akatembea nayo kwenye umati, kisha akapanda kwenye kreni iliyokuwa ikimsubiri, nayo ikamwinua.

Siku hizi kwenye misiba sisimiki stendi kwanza. Naingia ndani na kamera imefungwa, natoa pole, nakaa na wafiwa. Jeneza likitoka natoka nalo. Picha zangu zinatikisika, na kuna wateja ambao hawazipendi.

Ile ya basi nimeitazama tena jana usiku, polepole, fremu kwa fremu, nikitafuta mahali ambapo mguu wake unaiacha ardhi. Kuna bega la mtu linapita karibu sana na lenzi, picha inakuwa nyeusi kwa muda usiofika hata nusu sekunde. Nadhani ni pale. Sina hakika, nitaitazama tena.